Usiizamishe Kisumu: jibu kwa kijana anayeandika kuhusu watu wa chini ya barafu

Kijana mmoja wa Nyalenda, hapa Kisumu, ameniandikia hivi: "Salamu Mwalimu. Ninaandika hadithi ndefu kuhusu watu wanaoishi ndani ya maji katika dunia nyingine, si hii yetu. Nimewapa mji, mfalme, soko na vita. Mwalimu wangu wa fizikia ameisoma akasema haiwezekani, maana majini hakuna moto, na pasipo moto hakuna chuma, hakuna chungu, hakuna ustaarabu. Wewe umefanya kazi na samaki wa ziwa miaka mingi. Je, ni kweli? Na kama si kweli, watu hao wangeishi vipi, wangezungumza vipi, na wangejuaje kwamba kuna nyota?"

Mwanangu, kurasa ulizoambatisha nimezisoma mara mbili, ya pili nikiwa nimeketi ufuoni Dunga huku mashua za omena, dagaa wetu wa ziwa, zikirudi alfajiri. Mwalimu wako hakukosea, ila ameshika jambo dogo akaliacha kubwa. Moto tutaufikia. Kilichonisumbua katika hadithi yako ni kingine: watu wako wana ngazi, wana milango, wana taa ukutani, na mfalme wao ameketi kitini. Anayeelea anaketi kwa sababu gani? Ngazi ni ya nini kwa mtu anayeweza kwenda juu, chini na pembeni bila kukanyaga? Umeichukua Kisumu, na Kibuye yake na Kondele yake, ukaizamisha jinsi ilivyo.

Hukuanza wewe. Unaijua habari ya Nyamgondho mwana wa Ombare, yule mvuvi wa Gwassi. Alitega, akavua mwanamke kutoka ziwani, na mwanamke akamletea utajiri wa ng'ombe. Siku moja Nyamgondho akalewa, akamtukana. Mwanamke akarudi majini, na mifugo yote ikamfuata ikazama. Nilipokuwa mtoto niliuliza ng'ombe wale walikuwa wakila nini huko chini, nikaambiwa ninyamaze nisikilize. Na waliosema hivyo walikuwa na haki, kwa kuwa ile ni hadithi ya ndoa na heshima, malisho si hoja yake. Yako umeiita hadithi ya sayansi. Basi yako lazima ijibu ng'ombe wanakula nini.

Kwanza chagua dunia yenyewe. Umeandika tu "sayari ya mbali yenye bahari", na hapo msomaji hana pa kushika. Nakushauri uende Europa, mmoja wa miezi minne mikubwa ya Mshtarii, sayari ambayo darasani mnaiita Jupita. Galileo Galilei aliiona miezi hiyo kwa darubini Januari 1610. Upana wa Europa ni kilomita 3,120 hivi, pungufu kidogo ya mwezi wetu. Uso wake wote ni barafu, na kwenye ikweta baridi hufika nyuzi 160 chini ya sifuri. Chini ya barafu hiyo, ambayo wengi huikadiria kuwa na unene wa kilomita 15 hadi 25, inaaminika kuna bahari ya chumvi yenye kina cha kilomita 60 hadi 150. Ziwa letu hili la Viktoria, pale penye kina kirefu kabisa, ni mita 80 na kitu. Kwa makadirio hayo, mwezi ule mdogo una maji karibu mara mbili ya bahari zote za dunia yetu zikijumlishwa.

Kwa nini maji hayo hayajaganda yote? Europa huizunguka Mshtarii kwa siku tatu na nusu, takribani saa 85, na njia yake si duara kamili. Kila Europa anapozunguka mara moja, jirani yake Io huzunguka mara mbili. Na Europa akizunguka mara mbili, Ganymede, mwezi mwingine kati ya ile minne, huwa amezunguka mara moja. Kuvutana kwao kwa mpigo huo kunaizuia njia ya Europa isitulie ikawa duara. Matokeo yake ni kwamba kila saa 85 mwezi mzima husogea karibu na Mshtarii, hubanwa, kisha huachiliwa, kama unga wa chapati mikononi mwa mama. Unga ukikandwa sana hupata joto. Mwezi nao vivyo hivyo. Huo ndio moto wa watu wako. Hauna mwali, lakini ndio unaowaweka hai.

Sisemi kwamba kuna watu huko. Hakuna aliyeona hata bakteria. Chombo kiitwacho Europa Clipper kilirushwa tarehe 14 Oktoba 2024, kinatarajiwa kufika mwaka 2030, na kazi yake ni kuchunguza tu kama mazingira yale yanaweza kubeba uhai. Lakini hadithi nzuri ya sayansi husimama juu ya kile kinachojulikana, kisha hurusha wavu mbele kidogo, na Europa inakupa mahali imara pa kusimama.

Sasa malisho. Gizani jani halioti, na kwa muda mrefu tuliamini kwamba bila jua hakuna kinachokula. Mwaka 1977 wanasayansi walioshuka kwa chombo cha kuzamia kiitwacho Alvin karibu na visiwa vya Galápagos, kina cha mita 2,500 hivi, walikuta chemchemi za moto zikibubujika kwenye sakafu ya bahari, na kando yake minyoo mirefu isiyo na mdomo wala utumbo. Minyoo hiyo hulishwa na bakteria wanaoishi ndani ya miili yake, na bakteria hao hupata nguvu kutoka kwenye kemikali za chemchemi. Ikiwa sakafu ya Europa ni mwamba unaopata joto kwa kule kukandwa, huenda nayo ina chemchemi za namna hiyo. Weka mashamba ya watu wako hapo, na ng'ombe wako wawe wanyama wanaokula bakteria.

Lakini kemikali za chemchemi ni kama kuni: zinataka hewa. Mnyama mkubwa mwenye akili anahitaji oksijeni, na oksijeni ya Europa hutengenezwa upande wa pili kabisa, juu. Mnururisho, yaani mionzi, mkali unaoizunguka Mshtarii huipiga barafu ya nje, huvunja maji yaliyomo, na oksijeni hubaki ndani ya barafu. Kama barafu hiyo hupasuka na kujigeuza polepole, kama wataalamu wengi wanavyodhani, basi kiasi fulani hushuka hadi baharini. Unaona ulichopewa, mwanangu? Chakula kinatoka chini, pumzi inatoka juu, na katikati ni kilomita mia moja za maji meusi. Kuna watu wa darini na watu wa sakafuni, na hakuna upande unaoweza kuishi bila mwenzake. Hapa kwetu watu wa ziwani walipanda milimani na samaki na vyungu, wakarudi na nafaka, na njia hizo zilizaa masoko, ndoa, mikataba na ugomvi. Soko lako lisiwe na vibanda. Liwe katikati ya bahari, mahali pasipo na ukuta wala ardhi, panapojulikana tu kwa sauti ya mtu mmoja anayeimba bila kukoma ili misafara miwili ipate pa kukutania. Mtu huyo akinyamaza, soko limepotea. Mimi ningemfanya mwimbaji huyo mhusika mkuu, nikamwacha mfalme.

Tuje kwenye moto wa mwalimu wako. Amesema kweli kwamba majini hutachoma chungu wala kufua chuma. Kubali hasara hiyo, usiizunguke kwa uchawi. Lakini angalia kwa makini kilichobaki. Maji ya chemchemi zile za kina kirefu hufika nyuzi 350 na zaidi bila kuchemka, kwa sababu shinikizo la bahari linayabana. Bati huyeyuka kwa nyuzi 232 na risasi kwa nyuzi 327. Kwa hiyo metali mbili zinaweza kuyeyushwa mdomoni mwa chemchemi, mradi fundi awe na mfuko wa kuzikinga, maana urefu wa mkono mmoja tu pembeni maji ni baridi ya kugandisha. Shaba inataka nyuzi 1,085, hiyo haitayeyuka kamwe. Lakini mabomba ya mawe yanayojengeka kwenye chemchemi yana madini yanayopitisha umeme, na watafiti wamepima mkondo wa umeme ukipita wenyewe kati ya maji ya moto yaliyo ndani ya bomba na bahari iliyo nje. Sonara wa mjini hupaka dhahabu juu ya pete kwa njia ya umeme, ndani ya maji yenye chumvi za madini, wala hahitaji mwali wa moto. Watu wako wanaweza kufanya ufundi wa aina hiyo hiyo: hawafui shaba, wanaiotesha, tabaka juu ya tabaka, mwezi baada ya mwezi, mpaka kisu kinatokea. Kisu cha namna hiyo ni ghali, tena kinarithiwa.

Nyumba pia zioteshwe. Mwaka 2000, chini ya Bahari ya Atlantiki, iligunduliwa minara meupe ya chokaa iliyojengwa na chemchemi zenyewe, mmoja ukiwa na kimo cha mita 60 hivi, na umri wa mahali pale unahesabiwa kwa makumi ya maelfu ya miaka. Ukijua kuyaelekeza maji hayo kwa kitambaa au kwa fumba la mkeka, unaweza kuotesha ukuta. Babu anaanza, mjukuu ndiye anayehamia.

Jambo ambalo wengi husahau ni uzito. Juu ya Europa mvutano ni kama asilimia 13 ya huu wetu. Chukua jiwe la kilo 100 la mwamba wa kawaida. Hapa nchi kavu linataka wanaume wawili. Lizamishe katika maji ya Europa, na mkononi litakuwa kama kilo 8 na nusu. Mtoto atalinyanyua. Lakini wingi wake haujapungua! Kulisukuma liondoke ni kazi, na likishaondoka, kulizuia ni kazi vilevile. Likimbana mtu ukutani litamponda kama lori. Kwa hiyo ajali za ujenzi huko si za kuangukiwa, ni za kubanwa. Na nyundo haina faida. Jaribu kupiga makofi ndani ya maji uone. Zana zao zitakuwa za kukamua, kusokota, kukwangua na kuvuta. Mapigano nayo: hakuna anayerusha mkuki wala anayepiga kwa rungu. Ondoa vile visa vyote vya panga katika sura ya tano, weka kamba na nyavu. Kila mvuvi wa ziwa hili anajua ni kitu gani huua haraka majini: kunaswa.

Sasa nifike mahali ninapopapenda zaidi, lugha. Katika maji ya Winam, ghuba yetu hii ya ziwa, kuna samaki tunayemwita domodomo kwa ajili ya ule mdomo wake mrefu kama mkonga. Wengi wanamjua kwenye sufuria tu. Domodomo ana kiungo mkiani kinachotoa mipigo midogo ya umeme, na ngozi yake imejaa vihisio vinavyosikia jinsi umeme huo unavyopindwa na vitu vilivyo karibu. Kwa njia hiyo huona usiku, katika tope, bila macho. Anatofautisha jiwe na kitu chenye uhai, kwa sababu mwili hai huupinda umeme kwa namna yake. Na kwa mipigo hiyo hiyo huzungumza na wenzake: yupo anayependa, yupo anayetisha, yupo anayesema mimi ni wa jamii fulani. Ana jamaa yake wa Afrika Magharibi na ya Kati ambaye ubongo wake hutumia karibu asilimia 60 ya oksijeni yote ya mwili, ilhali wa binadamu hutumia kama asilimia 20. Nimewahi kukaa usiku kucha na domodomo katika tangi, nimeunganisha nyaya mbili kwenye spika, nikisikiliza tak-tak-tak yake ikibadilika mkono wangu ulipokaribia kioo. Sijawahi kuona tena giza kama kitu kitupu.

Umeme wa domodomo hufifia haraka. Mbele ya mita moja hivi hausikiki vizuri. Sauti ni kinyume chake. Majini sauti husafiri kama mita 1,500 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya mwendo wake hewani, na sauti nzito huenda mbali sana. Mzingo wa Europa ni kilomita 9,800 hivi. Piga hesabu: mlio mzito wenye nguvu ya kutosha ungeuzunguka mwezi mzima kwa muda usiofika saa mbili. Kwa hiyo wape watu wako lugha mbili. Ya sauti ni ya baraza: ni pana, ya polepole, kila neno linasikiwa na wasiohusika, na kwa hiyo imejaa heshima, mafumbo na majina ya heshima. Ya umeme ni ya karibu, ya mtu na mwenziwe wakiwa wamekaribia kugusana. Ni ya mama na mtoto, ya wapenzi, ya wala njama. Wewe mwenyewe unaishi hivyo. Nyumbani unasema Dholuo, sokoni Kiswahili, ofisini Kiingereza, na unajua jinsi mtu anavyobadilika uso anapohama kutoka moja hadi nyingine. Ingiza ujuzi huo katika hadithi. Mwimbaji wa soko, ambaye maisha yake yote ni sauti inayosikiwa na maelfu, huenda hajaongea kwa umeme na mtu yeyote kwa miaka mingi.

Na fikiria adabu. Ikiwa umeme wangu unapita mwilini mwako, nausikia moyo wako ukienda mbio, naijua mimba kabla hujaitangaza, naujua ugonjwa. Huwezi kunificha hofu kwa kukaza uso. Watu wa namna hiyo wangekuwa na desturi kali kuhusu nani anaruhusiwa kumkaribia nani, na kuuzima umeme wako mbele ya mtu kungekuwa na maana kubwa. Domodomo huuzima anapotishwa au anapojificha. Kwa watu wako, kunyamaza kwa umeme kunaweza kuwa shikamoo, na kunaweza pia kuwa ishara ya muuaji anayekuja. Ujanja wa mwandishi ni kumwacha msomaji asijue ni ipi kati ya hizo mbili mpaka ukurasa wa mwisho wa sura.

Kuna onyo moja ziwa hili limetufundisha kuhusu lugha inayotegemea maji. Tuna fulu, samaki wadogo wa ziwa hili, wa jenasi (kundi la aina zilizo karibu kiukoo) iitwayo Pundamilia, jina la Kiswahili kabisa ndani ya orodha za kisayansi. Aina moja ina madume ya buluu, na nyingine, nyererei, iliyopewa jina la Mwalimu Nyerere, ina madume mekundu. Upande wa Mwanza watafiti waliona kwamba maji yakiwa maangavu, majike huchagua madume ya rangi yao na aina hizo mbili hukaa mbalimbali. Maji yakichafuka kwa tope na mwani, rangi hazionekani, uchaguzi hupotea, na aina mbili huchanganyika kuwa moja. Kwa watu wako kitu kama hicho kingekuwa chumvi. Chemchemi mpya ikipasuka na kumwaga maji mazito ya chumvi, umeme hupita tofauti, na ghafla kijiji kizima hakielewani. Mama hamtambui mwanawe. Ulikuwa unatafuta chanzo cha vita? Chukua hicho, acha ugomvi wa kiti cha enzi.

Undugu usiuite wa tumbo moja. Kwa ngege, samaki mwingine wa ziwa hili, na kwa fulu wengi, jike hubeba mayai na vifaranga ndani ya kinywa, na hatari ikija huvifungulia vikarudi ndani. Wape watu wako malezi hayo. Watasema "ndugu wa kinywa kimoja", na kiapo chao kikubwa kitakuwa kwa kinywa cha mama. Neno moja kama hilo hunishawishi kuliko kurasa tatu za kueleza magamba na mapezi.

Hapa ndipo ninapotofautiana na mwalimu wako moja kwa moja. Yeye anasema ustaarabu ni moto. Mimi ninasema ustaarabu ni wazee. Mwangalie pweza wa Pwani yetu: ana mikono minane, anafungua chupa, anatatua mafumbo, na hana ustaarabu wowote. Huishi mwaka mmoja au miwili, na jike hufa mayai yanapoanguliwa. Kila pweza huanza elimu upya, yatima. Halafu waangalie nyangumi. Nyangumi wauaji hawana mikono kabisa, lakini bibi aliyekwisha kuacha kuzaa huishi miaka mingi akiongoza ukoo, na katika miaka ambayo samaki ni wachache yeye ndiye hutangulia, kwa maana anakumbuka walikopatikana zamani. Nyangumi wenye nundu nao wana nyimbo, na watafiti wamefuatilia wimbo mpya ukianzia pwani ya mashariki ya Australia ukihamia mashariki kuvuka Pasifiki ya Kusini, kundi moja likijifunza kutoka kwa jingine, mwaka baada ya mwaka. Hakuna moto hapo. Kuna mkubwa anayejua na mdogo aliye karibu naye vya kutosha kusikia. Kwa hiyo swali la kwanza unalopaswa kujibu kuhusu watu wako ni wanaishi miaka mingapi baada ya kuzaa, na swali la pili ni nini hubaki mzee akifa.

Kwenye maji hakuna karatasi, na sauti hupita. Lakini Wainka wa Amerika Kusini waliweka hesabu za dola lao kwa kamba zenye mafundo. Wewe ni mtoto wa ufuoni, unajua fundo ni nini. Watu wako wasuke wavu wa ukoo, nyuzi nyingine zikiwa na shaba ile ya kuoteshwa na nyingine zikiwa tupu, ili msomaji anapopita juu yake umeme wake upindwe hapa na kunyooka pale. Kusoma ni kuogelea juu ya wavu. Ukiogelea haraka unapata habari nyingine, ukirudi kinyume unapata laana. Na wavu ukichanika, anayeurekebisha lazima awe anakumbuka kilichokuwepo. Serikali, sheria na hesabu nitakuachia, hizo zitajipanga zenyewe ukishajua nani anashika wavu.

Umeniuliza kuhusu nyota, na hilo ndilo swali lililonifanya nikae na barua yako wiki nzima.

Kwa watu wako hakuna anga. Juu ni dari ya barafu isiyo na mwisho. Mwili wenye mafuta mengi ukifa hupanda polepole na kukwama kwenye dari, kwa hiyo mbinguni kwao ni makaburini hasa, na mababu wako juu kweli. Wanaochimba barafu kutafuta pumzi wanachimba kati ya wafu. Hawana sababu ya kudhani kwamba dari ina upande wa pili. Mtoto akiuliza kuna nini nyuma ya barafu, ataambiwa kuna barafu.

Lakini wana saa. Kila saa 85 dunia yao hukandwa: barafu huvutika, hupasuka, hulia, na mlio huo husikika kote. Hiyo ndiyo siku yao, na kila mtoto anaijua. Kisha kuna saa ya pili, nyembamba zaidi. Mshtarii ina usumaku mkubwa mno, nao umeinama kidogo, hivyo sayari inapojizungusha usumaku huo huyumba juu ya Europa, ukigeuka na kurudi kila baada ya saa 11 hivi. Usumaku unaobadilika juu ya maji ya chumvi huzalisha mikondo ya umeme ndani ya maji hayo. Ni mikondo dhaifu sana. Lakini papa wa bahari zetu huhisi umeme wa kiwango cha sehemu za bilioni za volti kwa kila sentimita, na katika hadithi hakuna atakayekukatalia ukisema watu waliolelewa kwa umeme huhisi mnong'ono huo mgongoni mwao, ukija, ukienda, tangu kuzaliwa hadi kufa.

Wengi wao wataupuuza, kama sisi tunavyoupuuza mvumo wa upepo. Mmoja atahesabu. Labda ni yule mwimbaji wa soko, kwa kuwa kazi yake ni kukaa mahali pamoja na kutunza mpigo. Atagundua kwamba mnong'ono wa saa 11 hautokani na sakafu, kwa sababu hauwi na nguvu zaidi karibu na chemchemi. Atagundua kwamba hautokani na barafu, kwa sababu haufuati mlio wake. Atasafiri kwenda ncha ya kaskazini na ya kusini, na atakuta unabadilika kwa utaratibu mmoja juu ya dunia nzima. Na atalazimika kusema, kwa lugha ya baraza ili wote wasikie, kwamba kuna kitu kikubwa sana nje ya kila kitu, nacho kinazunguka.

Sikuzua tu njia hiyo ili ikupendeze. Ndiyo njia yetu sisi, kwa upande wa pili. Chombo cha angani kilichopewa jina la Galileo kilipopita karibu na Europa, hasa Januari 2000, kilipima usumaku ukijibu kule kuyumba kwa Mshtarii, na jibu lile lilionyesha kwamba chini ya barafu lazima kuwe na tabaka linalopitisha umeme, yaani maji ya chumvi. Hatukuyaona yale maji. Tulisikia mnong'ono ule ule.

Kabla hujaanza upya sura ya kwanza, nenda Dunga usiku usio na mwezi, wakati taa za omena zimetandaa ziwani. Mwombe mvuvi mmoja akupe nafasi katika mashua, kisha yeye agonganishe mawe mawili ndani ya maji upande mmoja, nawe ulaze sikio kwenye mbao za chini upande wa pili. Fumba macho. Usiandike ulichokiona. Andika ulichosikia, halafu niletee.